Pua ya Kabaila Hou

Beilin, 6 Aprili 1974

Mpwa wangu Fengqin,

Bila mimi, sinema ya China ingekuwa shuka jeupe linalopepea uwanjani. Sisemi mimi. Anasema mwongozaji wetu, Ndugu Pang, na huyo si mtu wa kusifu ovyo. Juzi alinishika bega mbele ya kikosi kizima akasema, "Mzee Sheng, wewe ukisogea tu, picha nzima inaharibika." Watu wote wakainamisha vichwa. Nadhani ni kwa heshima.

Barua yako nimeisoma mpaka karatasi imelainika. Unasema brigedi yenu ya wakulima itapendekeza kijana mmoja aende chuo cha udaktari mkoani, na kwamba mbio zimebaki kati yako na mtoto wa Mhasibu Lu. Tulia, mwanangu. Tangu walipokupa lile begi la dawa wakakuita daktari peku wa kijiji, umezalisha wanawake mpaka katikati ya mtama. Yule mtoto wa Lu amezalisha nini zaidi ya mba? Na zaidi ya hayo, wewe una mjomba.

Sasa sikiliza. Picha yetu mpya imetoka, *Mienge ya Qingshi*, tena ya rangi. Kwetu mambo yana kanuni. Shujaa hupigwa taa kutoka chini aonekane mrefu, na uso wake huwa mwekundu kama pichi iliyoiva. Adui hukaa kwenye kiza, na kamera humtazama kutoka juu kama unavyomtazama panya aliyetumbukia pipani. Na shujaa hachaguliwi ovyo! Kabla hujapewa nafasi hiyo wanachimba ukoo wako vizazi vitatu: babu alilima kwa nani, bibi alipika kwa nani. Ukoo wetu walipouchimba walikuta fukara juu ya fukara, mpaka mchimbaji mwenyewe akatokwa machozi. Basi hesabu mwenyewe nilikofikia.

Watu wa mashine ya picha watapita Lihuagou mkishapanda mtama. Mwambie Katibu Tan wa brigedi yenu akae mbele kabisa, asikae nyuma ya mtu mwenye kofia. Kuniona si kazi. Utanijua tu.

Mjomba wako,
Sheng Baotian, mwigizaji


Lihuagou, 3 Mei 1974

Mjomba Baotian,

Shikamoo. Sisi tupo, mama anakohoa kidogo, mtama umeshafukiwa.

Watu wa picha walifika juzi. Shuka lilifungwa kati ya miti miwili ya mipopla, na watu walikuja hata wa ng'ambo ya mto, kila mtu na kigoda chake. Waliochelewa walikaa upande wa pili wa shuka, wakaona mashujaa wote wanatumia mkono wa kushoto. Katibu Tan tulimweka mbele, na mama akamwekea mbegu za alizeti za kukaanga kwenye kofia. Mama alikuwa ameshatangazia kijiji kizima kuwa wewe ndiye shujaa. Mimi pia, siwezi kusema uongo, nilitangaza kidogo.

Shujaa alipotokea mlimani, mama akaninong'oneza, "Wamemfuta mikunjo."

"Mama, huyo ni kijana wa miaka ishirini na tano."

"Ni taa, mwanangu. Si alisema wana taa?"

Tukaendelea kumtazama. Alipovua kofia tukaona nywele tele, na hata mama akakubali si wewe. Ndipo adui wa picha, Kabaila Hou, akaingia, amevaa joho la hariri, anatema chai. Shangazi Diao jirani yetu akaruka juu ya kigoda: "Huyo hapo! Oneni pua! Pua ile ni ya ukoo wa Sheng, mimi ningeitambua hata ikielea kwenye supu!"

Watu wakacheka. Katibu Tan alicheka. Kisha Kabaila Hou akamchapa mjane mmoja kwa mjeledi, na kicheko kikakatika kama uzi. Bibi Que akavua kiatu akakirusha. Kilimpata kabaila pale pale kwenye pua. Watu wakashangilia, halafu mmoja mmoja wakageuka kututazama sisi.

Asubuhi yake Katibu Tan alinisimamisha njiani. "Fengqin, mjomba wako alisema shujaa huchaguliwa kwa ukoo safi."

"Ndiyo, Katibu."

"Basi kabaila huchaguliwa kwa ukoo gani?"

Mjomba, hakuniuliza kwa ubaya. Alikuwa anauliza kweli, amesimama anajikuna chini ya kofia. Mkutano wa kupendekeza ni mwisho wa Julai, na kabla ya hapo wanachunguza jamaa za kila mmoja wetu. Mtoto wa Mhasibu Lu hana ndugu yeyote kwenye shuka.

Ni wewe au si wewe? Nijibu kwa neno moja.

Mpwa wako,
Luan Fengqin


Beilin, 14 Mei 1974

Fengqin,

Neno moja halimtoshi mtu wa aina yangu.

Kiatu! Hivi unajua ni waigizaji wangapi nchi hii waliowahi kurushiwa kiatu? Wengine wanazeeka wakipigiwa makofi tu, maskini. Makofi hata mtu anayesinzia hupiga. Lakini kiatu, lazima mtu ainame, afungue kamba, avue, alenge, kisha arudi nyumbani peku kwenye matope. Huyo ameguswa! Mpelekee Bibi Que salamu zangu na umwambie mkono wake ni wa jeshi.

Kuhusu pua, pua ni pua, sina la kuongeza. Mmeiona wenyewe.

Lakini mtu asikudanganye kwamba kumwigiza kabaila ni kazi ndogo. Shujaa anasimama tu, taa zinamfanyia kazi. Kabaila lazima umjue kutoka ndani. Unakaa naye. Unakula naye. Unajifunza anavyosukutua chai na kuitema, anavyomwita mtumishi bila kugeuza shingo, anavyogusa nafaka kwa kidole kimoja kama anapima homa ya mtoto. Mimi makabaila nawajua mpaka uboho. Nikitupa lile joho mabegani, hata mbwa wa studio hulala chini wakasubiri amri. Ndugu Pang aliwahi kuniambia, "Mzee Sheng, wakati mwingine nasahau wewe ni nani." Ananiambia hivyo karibu kila asubuhi.

Barua hii msomee Katibu Tan, tena kwa sauti, mbele ya watu. Mkulima naye ana haki ya kuelewa sanaa. Akishaelewa, jina lako litapita kama siagi kooni.

Mjomba wako,
Sheng Baotian


Brigedi ya Lihuagou, 2 Juni 1974

Kwa Ndugu Sheng Baotian, mwigizaji,

Salamu za mapinduzi. Sisi ni wazima. Mtama umeota vizuri upande wa kusini, wa kaskazini umeliwa na kunguru.

Barua yako ilisomwa mbele ya kamati. Mpwa wako hakutaka kuisoma, lakini wewe mwenyewe uliagiza isomwe kwa sauti, nasi tunaheshimu maagizo ya watu wa sanaa. Alisoma mpaka pale pa uboho, akaomba maji. Nikamalizia mimi.

Ndugu Sheng, mimi sina elimu kubwa. Kusoma nimejifunza shule ya jioni nikiwa tayari na ndevu. Nimelitafakari jambo hili mpaka mke wangu ameniuliza kama naumwa. Unasema ulikaa na makabaila na ukala nao. Ilikuwa mwaka gani? Na ulikula kama nani? Mjumbe Diao, jirani wa dada yako, aliuliza, "Kama alikuwa anakula nao, mbona dada yake alikuwa anakuja kwetu kuomba chumvi?" Mhasibu Lu akasema pua haijawahi kurithiwa peke yake, kuna na vingine vinavyofuatana nayo. Nilimwambia akae chini kwa kuwa mtoto wake yumo kwenye mbio. Alikaa, lakini maneno yake hayakukaa.

Mimi shida yangu ni hii. Kama wewe ni fukara, umewezaje kuwa kabaila namna ile? Mimi niliwahi kumchungia kabaila mifugo. Nilipokuona unagusa nafaka kwa kidole, mgongo wangu ulishtuka kabla yangu. Na kama wewe si fukara, basi dada yako ni nani, na mtoto wa dada yako tumwandikeje?

Fengqin alikesha na mjukuu wangu alipokuwa na homa ya mapafu. Sitaki kumfanyia ubaya. Lakini karatasi zitapelekwa komuni, ngazi iliyo juu yetu, na huko hawamjui Fengqin, wanajua karatasi. Nisaidie nimsaidie.

Tan Huaishan, Katibu


Beilin, 12 Juni 1974

Ndugu Katibu Tan,

Umenichekesha hadi kofia imeanguka. Mimi kabaila! Ukoo wetu ulikula magome ya miti, tena kwa zamu. Baba yangu alikuwa na suruali moja, na wakati wa baridi tuliivaa wawili. Kwa kabaila nilikaa kweli, nikichunga nguruwe wake, na nguruwe wale walinisikiliza mimi kuliko yeye, mpaka akaniogopa. Nilikuwa na miaka minane. Alinikaribisha mezani ili kunilainisha. Nilikataa. Halafu nilikula kidogo ili nimchunguze.

Na kwa nini mnanibana kwa kabaila tu? Mnanipunguza! Katika kazi yangu nimekuwa afisa wa Kijapani. Nimekuwa jambazi wa mlimani, nimekuwa jasusi wa maadui zetu wa Guomindang mara kadhaa, na hakuna aliyenishuku mpaka mwisho. Ilipopigwa picha ya vita vya Korea nilikuwa kanali wa Kimarekani. Walinibandika pua ya nta juu ya hii ya kwangu na kunipaka unga usoni, na nikazungumza Kimarekani mpaka mkalimani akakunja karatasi zake akaenda zake nyumbani. Studio ikitaka adui wa aina yoyote, watu wanasema: mwiteni Sheng. Nimeuawa na majeshi yetu matukufu mara nyingi kuliko mtu mwingine yeyote aliye hai.

Natumaini sasa kila kitu kimekuwa wazi, na kwamba Fengqin ataandikwa vizuri.

Wako katika mapinduzi,
Sheng Baotian


Lihuagou, 27 Juni 1974

Mjomba,

Usimwandikie tena Katibu Tan. Nakuomba kama mtu anavyomwomba aliyemkanyaga mguu.

Kamati sasa inataka kujua Kimarekani ulijifunzia wapi. Mhasibu Lu anakuita "yule jamaa wa pua mbili". Jina langu halijafutwa. Limewekwa kando, ndivyo wanavyosema, limewekwa kando, na nikiuliza kando ni wapi kila mtu anatazama mlima.

Bibi Que alikuja na goti lake lililovimba. Alininyooshea goti, uso akageuzia dirishani. Baadaye akauliza, "Mjomba wako alimpiga kweli yule mjane?"

"Bibi, ule ni mchezo."

"Najua ni mchezo, mimi si mtoto. Lakini alimpiga kweli?"

Sijui alikuwa anauliza nini, Mjomba. Mimi mwenyewe sijui tena. Nakukumbuka ukituletea pipi zilizogandana mfukoni, kisha namwona yule mtu anatema chai, na nikijaribu kuwatenganisha, nyuso zinaingiliana. Mama anacheka na kulia kwa zamu. Anasema ulipokuwa mdogo ulitoka kuokota kuni ukadai umempanda mbwa mwitu hadi mtoni, naye akakuchemshia yai la pekee lililokuwamo nyumbani. "Ningemnyima lile yai," anasema.

Mwaka jana, wakati wa theluji, mke wa Daliang wa hapa kijijini alifia mikononi mwangu akijifungua. Nilikuwa na iodini, pamba na sindano. Nilikuwa naona kabisa kwamba kuna kitu cha kufanya, na sikukijua. Hilo sijakuandikia kwa sababu barua zako za miaka yote zimejaa farasi na mizinga ya picha za vita. Nataka kusoma, Mjomba. Sina haja ya mjomba mkubwa. Nataka karatasi yenye mhuri wa studio inayosema ulikuwa nani katika picha ile. Kama ni kabaila, waandike ni kabaila wa kazini, na nyumbani ni fukara. Lakini iwe kweli.

Mkutano ni tarehe ishirini na nane Julai.

Fengqin


Beilin, 9 Julai 1974

Fengqin mwanangu,

Mimi si Kabaila Hou.

Kabaila Hou ni Ndugu Yan Ketai. Baba yake alikuwa fundi wa reli, na ukoo wake ni safi kuliko sabuni, kwa hiyo Katibu Tan na hesabu zake za ukoo wa kabaila tumwache apumzike. Yan ni mtu mpole sana. Anapanda maua kwenye beseni bovu la kunawia, na akimwona mende anamfungulia mlango. Pua yake inafanana na yangu, hilo kweli. Au yangu na yake, maana yeye ndiye mkubwa.

Mimi nimo kwenye ule umati wa wakulima mafukara wanaovunja lango la kabaila mwishoni, wenye mienge na majembe. Usidharau. Umati bila mimi ni watu wanaokimbia tu.

Karatasi yenye mhuri imo ndani ya bahasha hii. Usiikunje. Kuipata nimetembea kwenye miiba, nakwambia. Karani alitaka nieleze sababu, na mlango ulikuwa wazi. Nilipoingia kantini mchana, kikosi kizima kilisimama. "Mpisheni Kabaila Hou! Bwana mkubwa, leo unatukata kodi kiasi gani?" Mpishi alinipa mkate mdogo kuliko yote. Nikamuuliza kulikoni. "Wewe umenyonya vya kutosha," akasema.

Kisha Yan mwenyewe akaja na bakuli lake, akakaa mbele yangu. Kantini nzima ikaacha kutafuna.

"Mzee Sheng, ni kweli uliwaambia ni wewe?"

"Sikusema ni mimi."

"Ulisema si wewe?"

"Hilo nalo sikusema."

Akaweka vijiti chini. "Mke wangu huwaficha majirani kazi yangu. Mwanangu amesema shuleni kwamba baba yake ni fundi wa taa. Sokoni mama mmoja amekataa kunipimia kabichi. Na wewe umejitolea, bure?"

Nikamsogezea ule mkate wangu mdogo, jambo ambalo halijawahi kunitokea. Alinitazama, akaanza kucheka mpaka machozi yakamdondokea kwenye supu. Halafu akatoa kalamu ya studio mfukoni, akaweka sahihi yake chini ya mhuri, na akaandika kwa mkono wake kwamba kabaila ni yeye, kwamba mjeledi ulikuwa wa sufi, na kwamba kila baada ya kupiga alimwomba radhi yule mama aliyeigiza mjane. Mwonyeshe Bibi Que hapo. Anasema siku moja angependa kuja Lihuagou amwombe radhi na Bibi Que mwenyewe. Nimemwambia asithubutu, bibi bado ana kiatu cha pili.

Kuhusu Kimarekani, ninajua neno moja, na maana yake siijui. Nililisema nikiwa nimeipa kamera mgongo. Yale mengine ya vita, nilikufa, lakini nilikufa katika umati, na wenzangu.

Habari ya mke wa Daliang nimeisoma. Nimekaa nayo. Ningejua, nisingekuandikia ya farasi.

Mjomba wako,
Baotian


Lihuagou, 25 Agosti 1974

Mjomba mpendwa,

Nakwenda! Mikono iliinuka mkutanoni kama mtama. Wa Mhasibu Lu ulichelewa, akasingizia bega, lakini ukainuka. Katibu Tan aliisoma karatasi yako mara mbili, ya pili kwa Bibi Que peke yake, aliyetaka arudiwe pale pa mjeledi wa sufi. Bibi akasema, "Basi kile kiatu kilimkosea mtu mwema," na tangu siku hiyo ananitazama tena usoni, ingawa goti halijapona. Komuni wamekubali. Chuo kinafunguliwa Septemba.

Sasa kuna fujo nyingine, na wewe ndiye chanzo.

Katibu Tan aliwaomba watu wa mashine ya picha warudi, iwe kama sherehe ya kuniaga. Kabla hawajawasha, akasimama mbele ya shuka. "Ndugu zangu, safari ile tulimtazama kabaila. Leo tumtafute fukara wetu." Watu wakapiga makofi. Hakuna aliyemtazama shujaa safari hii. Maskini, alihutubia mlimani peke yake huku watu wakimenya alizeti.

Umati wa mienge ulipotokea, uwanja mzima ulisimama.

"Yule! Mwenye mwenge!"

"Mwenge gani? Wote wana mienge!"

"Mwenye jembe, anayepiga kelele!"

"Huyo ana meno. Baotian aliwahi kuwa na meno lini?"

Shangazi Diao akaapa kwa pua, lakini pua za namna ile zilipita tatu. Bibi Que alimpigia makofi mzee aliyemkamata Kabaila Hou ukosi, baadaye akajuta kwa ajili ya Ndugu Yan. Mama hakupiga kelele. Alishika mkono wangu akasema, "Ni yule aliyejikwaa kizingitini, akaanguka." Fundi wa mashine alirudisha kipande hicho tena na tena mpaka akatuapia kwamba taa itaungua. Kila nyumba imerudi na Baotian wake. Shangazi Diao na Bibi Que hawasemeshani.

Katibu Tan anataka kulitangaza jibu kwenye kipaza sauti cha kijiji ili watu walale kwa amani. Kushoto au kulia? Mwenge au jembe? Nijibu kabla sijaondoka. Kisimani siwezi kuteka maji kwa maswali ya watu.

Mpwa wako,
Fengqin


Beilin, 4 Septemba 1974

Daktari Fengqin,

Barua hii soma peke yako, tena si kwa sauti.

Habari yako niliitangaza kantini, nikiwa nimepanda juu ya benchi. Yan amekutumia mbegu za maua yake. Usiziweke ndani ya begi la dawa, mtu atazimeza. Mimi nimekutumia kalamu ya wino. Ni ile ile aliyotilia sahihi; nimemwambia aipoteze na amekubali.

Kuhusu swali la Katibu, andika utakachoona chema. Mwambie kulia, au mwambie ni siri ya kazi. Lakini wewe uliniomba kweli mara moja, na nimeona haikuniua, basi chukua na hii.

Picha ile nimeitazama ukumbini kwetu kila ilipoonyeshwa. Mara ya kwanza nilijiona wazi kabisa: upande wa kushoto, koti la viraka, nakimbia kama chui. Nikamshika mke wangu mkono, nikamwonyesha, akafurahi mpaka akanunua nyama. Tulipokuwa tunaila, kijana mmoja akabisha hodi kuazima ngazi. Xu wa karakana ya mbao. Koti lile lile la viraka amelivaa. Mke wangu alimtazama yeye, akanitazama mimi, akanisogezea bakuli. Nikahamia kwa mwenye mwenge aliye nyuma yake, lakini yule ana nywele. Nikahamia kwa mwingine, naye ni mwanamke. Siku ile tulikimbizwa kwenye lango lile kuanzia asubuhi, moshi ulikuwa mzito, na mimi nilikuwa nimefumba macho kwa sababu ya cheche. Mpwa wangu, sijui ni yupi.

Mama yako akisema ni yule aliyeanguka kizingitini, usibishane naye. Nilianguka kweli. Ila tulianguka wengi.

Mjomba wako,
Baotian